UZI: Anayeediti filamu za muziki ndo msikilizaji mkuu, kwa vijana wa Mombasa wanaoitaka hii kazi

Sikio_la_Kibokoni:

Assalam alaikum wadau, na wengine wote hamjambo. Naona kila baada ya muda kuna kijana anauliza nianzie wapi nikitaka kuwa edita, na majibu ni yaleyale, nunua laptopu yenye nguvu, pakua programu fulani, kaa YouTube. Si majibu mabaya. Ila hakuna anayegusa upande ambao mimi ndo nimeweka maisha yangu humo, kuediti filamu za makala za muziki. Sisemi zile video za wimbo za dakika tatu nne, nasema filamu ndefu inayomueleza msanii, au bendi, au tamasha, au muziki wa mji mzima. Na hapa pwani ndo pahala pake kabisa maana muziki tunao, kanda tunazo makabatini, wazee baadhi yao bado tunao alhamdulillah, wa kukaa na hizo kanda akazisikiliza mwanzo mpaka mwisho ndo hayuko.

Neno langu ni moja na ntalirudia mpaka mchoke: hii kazi ni ya kusikiliza kwanza, kukata baadaye. Kukata mtu yeyote atakufundisha kwa muda mfupi tu. Kusikiliza masaa na masaa ya sauti za watu, ukajua ni wapi mzee alivuta pumzi kabla ya kulitaja jina la mwenzake aliyefariki, hilo hakuna kitufe chake.

Nianze na mifano ya mbele ili mjue edita wa muziki si fundi wa kukaa nyuma tu.

Tamasha la Woodstock, Marekani, Agosti 1969. Filamu yake ilitoka 1970 na mwanamke anayeitwa Thelma Schoonmaker ndo aliyeongoza chumba cha kuediti, Martin Scorsese naye akiwa mmoja wa waliokuwa wakiediti. Kamera nyingi, mvua, matope, watu laki kadhaa. Wakagawanya skrini vipande viwili vitatu ili umuone mpiga gitaa na watu wanaomsikiliza kwa wakati mmoja. Thelma akateuliwa kwenye Oscar kwa uhariri wa filamu hiyo na filamu yenyewe ikachukua Oscar ya makala. Baadaye akashinda Oscar 3 za uhariri kwa filamu za Scorsese.

Mwaka huohuo 1969, Desemba, bendi ya Rolling Stones walipiga bure pale Altamont, California, na kijana mmoja akachomwa kisu akafa mbele ya jukwaa. Kamera zilikuwa zinarekodi. Edita alikuwa Charlotte Zwerin, na yeye ndo aliyetoa wazo la kuwakalisha wanamuziki wenyewe mbele ya meza ya kuediti wajitazame, nao warekodiwe wakitazama. Hebu fikiria wazo hilo! Filamu yote imesimama juu yake. Ukiangalia majina kwenye filamu hiyo, Gimme Shelter, utaona jina lake limekaa pamoja na ndugu wawili Maysles kama waongozaji, si kwa hisani, ni kwa haki yake.

Lakini mfano ninaoupenda kuliko yote uko hapa Afrika. Kinshasa, Septemba 1974. Mabondia Ali na Foreman walikuwa wapigane, na kabla ya pambano kukaandaliwa tamasha la siku tatu, James Brown, Miriam Makeba, Celia Cruz, B.B. King, na wenyeji wakiwemo Franco na Tabu Ley, ambao wazazi wetu hapa walikesha nao redioni. Foreman akachanika juu ya jicho mazoezini, pambano likasogezwa mpaka Oktoba 30, tamasha likaendelea vilevile. Mwongozaji Leon Gast alikuja kupiga filamu ya muziki, akaondoka na mikanda isiyokuwa na kifani, halafu hela na kesi zikamkwamisha miaka na miaka. Filamu yake, When We Were Kings, ilitoka 1996, ikabeba Oscar 1997, na ikawa ni filamu ya ndondi! Muziki uliingia kidogo tu. Sasa mmoja wa maedita wa kazi hiyo, Jeffrey Levy-Hinte, alikuwa ameshayaona yale yote yaliyoachwa nje, hakuweza kuyasahau, na 2008 akatoa filamu nyengine kutoka mikanda ileile, Soul Power, ya tamasha lenyewe. Mnaona? Aliyekaa na mikanda ndo aliyejua kuna filamu ya pili imelala ndani. Mtu mwengine yeyote angeona ni mabaki.

Ntaendelea, acha nisali kwanza.

kijana_wa_likoni:

Kaka shukran kwa uzi huu, mi naediti harusi na video za madogo wa mtaani huku Likoni na laptopu yangu ni ya kawaida sana, sasa swali, hii kazi ya filamu ndefu inahitaji mashine ya bei gani maana nasikia mafaili yake ni balaa

Sikio_la_Kibokoni:

Kijana wangu wa Likoni, mashine si kikwazo unavyodhani, diski ndo kikwazo. Tupige hesabu pamoja. Kamera ya 4K ya kawaida inaandika megabiti 100 kwa sekunde, hiyo ni kama GB 45 kwa saa. Weka kamera tatu, usiku wa taarab wa masaa matatu, ushafika GB 400 na ushee kabla hujagusa mahojiano. Na kila kitu kinatakiwa kiwe sehemu tatu, diski ya kazi, diski ya akiba, na ya tatu ikae nyumba nyengine kabisa, si meza ileile, stima ya huku mnaijua na wezi mnawajua.

Ukishapata diski unatengeneza nakala nyepesi za picha, zile za kufanyia kazi, ndogo ndogo, unaediti na hizo na mwisho unairudishia programu zile kubwa. Hata laptopu ya kawaida inatembea. Programu, DaVinci Resolve ina toleo la bure na linatosha kabisa kujifunzia, wenye makampuni makubwa wengi wako Avid, wengine Premiere, usigombane na mtu juu ya programu.

Ila shika hili la kiufundi kwa mikono miwili. Kwenye muziki sauti ndo msumari, picha ndo inayopigiliwa. Unarekodi sauti kutoka kwenye miksa, unarekodi na kinasa cha pembeni karibu na watu, halafu kamera nazo zina sauti zake. Vyote hivyo vikae pamoja. Huku tunapiga fremu 25 kwa sekunde, fremu moja ni sekunde 0.04, na ukichelewesha picha fremu tatu tu mpiga dumbaki anaonekana kama anapiga baada ya sauti kutoka, mtu wa kawaida hatojua ni nini ila atahisi kitu si sawa. Saa ya ndani ya kinasa na saa ya ndani ya kamera hazilingani kabisa, kwa wimbo wa dakika tatu haionekani, lakini nyimbo zetu za taarab ni dakika kumi, kumi na tano, unaanza mmelingana unamaliza mmeachana. Simu ndo mbaya zaidi maana fremu zake zinapanda na kushuka zenyewe, hizo zibadilishe ziwe fremu 25 sawasawa kabla ya kuziingiza. Na shata, yaani muda kamera inaopokea mwanga kwa kila fremu, iwe 1/50 ya sekunde, taa zetu ni hezi 50, vinginevyo ukumbi mzima unapepesa.

Sasa kuhusu kusikiliza, nieleze nina maana gani, maana mtu atasema anasikiliza wakati anatazama mawimbi kwenye skrini.

Kuna kazi nilikuwa nayo, usiku wa taarab kwenye ukumbi mmoja hapa mjini, na kijana aliyekuwa ananisaidia, hodari wa mikono kwelikweli, alinipangia wimbo mmoja vizuri sana kwa mdundo. Kila pigo na picha yake, vidole vya kinanda, fidla, dumbaki, safi. Nikamwambia nitolee kamera ya pili yote, bila kukatwa. Tukatazama. Ubeti wa pili unaanza, ni ubeti wa kijembe, na mama mmoja aliyekaa meza ya kati anainuka. Noti ameishika juu ya kichwa kwa vidole viwili. Haendi kwa mwimbaji moja kwa moja, anazunguka, anapita meza ya kule pembeni, anasimama hapo, mwimbaji anapofika mstari wa mwisho mama naye anautamka, midomo yake inaonekana, na uso ameuelekeza kwa mtu aliyekaa pale mezani. Ndo anakwenda kutunza. Anaiweka noti, anarudi taratibu huku anacheza mabega. Na yule wa mezani kajifanya anatafuta kitu mkobani.

Nikamuuliza kijana, ubeti ulisema nini? Hajui. Alisikia mdundo tu. Tukaiweka ile safari ya mama yote, mwanzo mpaka mwisho, bila kukata, kinanda tukakiacha kisikike bila kuonekana. Ukumbi mzima ulipoonyeshwa hiyo filamu walipiga vigelegele hapo, hawakupiga kwenye vidole vya kinanda. Kwa sababu taarab ni mafumbo na kutunza ndo kulijibu fumbo, edita asiyejua Kiswahili cha nyimbo hawezi kujua kamera iwe wapi. Ndo maana nasema kazi hii ni yetu, mgeni atakuja na kamera ya bei kali ataediti vidole.

Dada_wa_Bondeni:

Hapo kwa kutunza umenigusa kaka yangu. Naomba niongeze upande wetu wanawake maana hamuuoni. Mi naediti harusi za upande wa wanawake tu, kesha, kupamba, vugo, na mnajua zile hazionwi na wanaume, mpigaji picha mwanamke, mwenye kuediti mwanamke, na diski haitoki nyumbani kwangu. Nimekaa na kazi hizi muda mrefu na nakwambieni muziki ulioko humo hamjausikia, bibi zangu wanaimba vugo na pembe ile inapigwa, beti wanazitunga palepale kwa jina la bi harusi. Siwezi kuzionyesha. Lakini najifunza kuediti muziki vizuri kuliko nilivyofunzwa popote. Swali langu, je hii inahesabika kama kazi ya kuombea kazi nyengine ikiwa siwezi kumuonyesha mtu?

Sikio_la_Kibokoni:

Dadangu inahesabika na zaidi. Kwanza nakuheshimu sana kwa kuilinda amana za watu, hilo peke yake mwenye kutafuta edita wa filamu ya maana analitafuta, mtu atakayeachiwa siri za familia asizivujishe. Cha kufanya, omba ruhusa ya sauti tu. Waulize wenyewe kama unaweza kutumia vugo bila sura ya mtu, juu yake uweke picha za mikono ya hina, pembe, milango, mikeka. Wakikataa basi, usilazimishe. Wakikubali una sampuli ya dakika mbili ambayo hakuna mwanaume mji huu anaweza kuitengeneza. Na nasema hadharani, filamu ya ngoma hizi za wanawake, vugo na lelemama, ikija kutengenezwa vizuri itaeditiwa na mwanamke wa Mombasa au haitakuwa na kitu.

Hii njia ya sauti bila sura si ya kujitetea, mabingwa wanaifanya. Filamu ya 2015 kuhusu mwimbaji Amy Winehouse, edita Chris King, karibu mahojiano yote unayasikia sauti tu, juu yake zimewekwa video za zamani za nyumbani na za simu. Humuoni mtu amekaa kwenye kiti anaeleza. Unasikia rafiki anaongea na unamuona Amy mwenyewe, na hilo linauma kuliko kiti na taa.

mwana_freretown:

Mkubwa huku Freretown tuna bango, muziki wa Mzee Ngala, saksafoni na yote, sherehe gani ya pwani inaisha bila bango? Kuna jamaa tunataka kutengeneza makala, tumeshapiga mahojiano kadhaa. Tumekwama kwenye mambo mawili, moja mahojiano ni marefu hatujui tuanzie wapi, pili nyimbo za zamani tutaziweka vipi bila kushtakiwa, wengine wanasema ukilipa MCSK, chama cha kukusanya mirabaha ya wanamuziki, umemaliza

Sikio_la_Kibokoni:

Maashallah, hiyo nataka kuiona. La kwanza, andikeni kila neno la mahojiano. Yote. Kwa Kiswahili kilekile alichoongea mzee, na kama amechanganya Kigiriama au Kirabai muandike hivohivo, msimsafishe. Kila baada ya dakika wekeni saa ya pale kwenye mkanda. Halafu chapisheni karatasi, kalamu mkononi, mkae nje na kahawa tungu msome kama barua. Mtaona wenyewe mzee wa tatu anamjibu mzee wa kwanza bila kujua. Hapo ndo panazaliwa filamu, kabla hamjafungua programu. Mkimaliza pangeni sauti peke yake kwanza, iwe kama kipindi cha redio, mkifunga macho na hadithi inaeleweka basi ongezeni picha. Na wimbo ukianza uacheni uimbe! Nachukizwa sana na makala za muziki ambazo wimbo unapigwa sekunde nane halafu mtu anaingia kueleza jinsi wimbo ulivyokuwa mzuri. Tupeni wimbo.

La pili si kweli, na linawaponza wengi. Malipo ya vyama vya aina hiyo ni ya kuupiga muziki mbele ya watu, hotelini, dukani, matatuni, redioni. Kuutia wimbo ndani ya filamu ni ruhusa nyengine, na ni mbili. Moja ya wimbo wenyewe, yaani mtunzi au warithi wake. Ya pili ya ile rekodi, mwenye lebo aliyelipia studio. Nyimbo zetu nyingi zilitoka kwenye lebo za wafanyabiashara wa hapahapa, Assanand na lebo yake ya Mzuri, kaseti za Mbwana Radio, kwa hiyo kwa nyimbo hizo kazi ni kutafuta nani ameshika haki leo, na pengine ni mjukuu ambaye hana habari. Mtafuteni mapema, kabla hamjaupenda wimbo kwenye filamu, kwa sababu ukishajenga sehemu nzima juu ya wimbo na mwenyewe akasema hapana, mnabomoa. Na edita ndo anayejua ni sekunde ngapi za wimbo gani zimetumika wapi, weka daftari tangu siku ya kwanza.

Mkiweza mrekodini mzee akiupiga wimbo upya mbele ya kamera yenu, mwenyewe akikubali, hapo rekodi ni yenu na mnabaki na ruhusa ya utunzi. Na picha inakuwa bora mara nyingi.

kijana_wa_likoni:

Na pesa kaka, usituache hewani

Sikio_la_Kibokoni:

Pesa sawa. Kwa harusi unalipwa kwa kazi nzima, kwa filamu omba ulipwe kwa wiki au kwa hatua: sehemu mkononi kabla ya kuanza, sehemu rasimu ya kwanza ikikamilika, sehemu picha ikishafungwa, yaani wamekubali hakuna kukata tena, na mwisho ukikabidhi. Iandikwe na marekebisho ni mara ngapi, lasivyo utarekebisha mpaka mtoto wako aanze shule. Kuna watu waliwahi kunichukulia kazi bila karatasi, sitawataja, jina langu halikuonekana hata kwenye orodha ya mwisho. Tangu hapo jina langu naliandikisha kwenye mkataba kama ninavyoandikisha pesa.

Ukweli wenyewe hapa Mombasa bado hutoishi kwa makala ya muziki peke yake. Wengi tunachanganya, harusi, mambo ya mahoteli, mashirika, halafu filamu. Kuna Docubox Nairobi, mfuko alioanzisha Judy Kibinge wa makala za Afrika Mashariki, fuatilieni maombi yao. Na nendeni ZIFF, tamasha la filamu pale Zanzibar, mkae ukumbini mtazame watazamaji wanachoka wapi. Mi hilo limenifunza kuliko darasa.

Binti_Majengo:

Samahani naingia mwisho. Marehemu babu yangu alikuwa mpiga ud, nyumbani kuna sanduku la kanda za VHS na kaseti, harusi za zamani, naambiwa ndani kuna mpaka usiku mmoja alipiga pamoja na Juma Bhalo, yule mwimbaji wa taarab. Hazijaguswa miaka. Deki tunayo. Nilitaka leo nizitie nione kama zinafanya kazi, halafu nianze kujifunza kuediti na hizo

Sikio_la_Kibokoni:

Binti tafadhali USIZITIE! Nakuomba. Joto na unyevu wa mji huu unazalisha ukungu ndani ya kanda, ukiitia kwenye deki chafu unaukwangua mkanda na unaambukiza na zinazofuata. Fungua ule mlango mdogo wa kanda taratibu na utazame kwa tochi, ukiona unga mweupe au madoa pembeni ya mkanda iweke mbali na wenzake ndani ya mfuko wake peke yake. Zilizo safi zisimamishe kama vitabu, usizilaze, ziwe mbali na dirisha na mbali na spika. Kaseti zile kivunje kile kidude cha juu ili mtu asirekodi juu yake kwa bahati mbaya, na VHS pia kinacho kimoja.

Kabla ya deki, keti na bibi au yeyote aliyebaki wa umri huo, mwonyeshe maganda na maandishi, rekodi kwa simu anachosema, nani alioa, nani alipiga, mtaa gani, mwaka gani akiukumbuka. Hiyo ndo kazi yako ya kwanza ya uhariri na hujagusa kompyuta. Wamarekani wana kanda za tamasha la Harlem la 1969, masaa kama 40, zilikaa chini ya nyumba kwa takriban miaka 50 mpaka mwongozaji Questlove na edita wake Joshua Pearson wakazifanya Summer of Soul, na 2022 ikashinda Oscar. Zilipona kwa sababu kuna mtu alizitunza. Juma Bhalo tumemzika 2014, Zein l'Abdin, mpiga ud, 2016, hatutapata usiku mwengine wa wao kupiga ila kama uko ndani ya masanduku kama hilo lako.

Deki yangu naisafisha vichwa kabla ya kila kanda na nina njia ya kuzihamisha mpaka kwenye kompyuta. Sitaki malipo kwa hizi. Njoo na mtu mzima wa nyumbani, kanda hazibaki kwangu, tunakaa pamoja zinahamishwa mbele yenu na nakala mbili mnaondoka nazo. Mwana_freretown njoo na wewe na diski zenu tuzisikilize. Dada wa Bondeni, kama kuna kanda za wanawake humo mi sitazitazama, naomba hizo uzishughulikie wewe, deki ntakuazima. Nitumieni inboksi siku mnayoweza.